Kierkegaard Hakuwa na Deni la Zaka

Siku bibi yangu alipofariki nilikuwa Dar es Salaam, katikati ya muhula, nikisoma maandishi ya mwisho ya Søren Kierkegaard kwa ajili ya semina ya falsafa ya dini. Nilikifungasha kitabu pamoja na nguo, nikapanda basi la Karagwe. Safari ni ndefu. Nilipofika Omurushaka nilikuwa nimekimaliza na kupigia mistari karibu kila ukurasa. Niliona huyu mtu anasema kwa sauti yale ambayo vijana wa rika langu hunong'onezana baada ya ibada. Hapo nikachukua gari dogo kuelekea Nkwenda, wilayani Kyerwa, nyumbani.

Jioni ile nilimkuta baba mdogo amekaa nyuma ya nyumba, peke yake. Mwenyekiti wa jumuiya alikuwa amekuja na daftari. Bibi alikuwa na deni la zaka na michango ya ujenzi ya miaka mitatu, tangu alipoanza kuugua. Jumla, shilingi 68,000. Hakuna aliyesema kwamba hatazikwa. Mwenyekiti alisema tu, kwa upole, "Mzee, hili tuliweke sawa kabla ya kupanga ratiba ya ibada." Baba mdogo alikuwa anafikiria kuuza kahawa butura, yaani kuiuza ingali maua mtini, kwa bei anayotaka mnunuzi. Mtu wa Kagera hahitaji kuelezwa butura inavyomla mkulima.

Sitalitaja dhehebu letu. Kila nilipomsimulia kisa hiki rafiki wa dhehebu jingine, aliniambia kwao pia daftari lipo.

Usiku ule nilikifungua tena kitabu, nikitumaini kitanisaidia kuwa na hasira yenye mpangilio. Hoja ya Kierkegaard inajulikana. Januari 1854 alifariki Mynster, askofu mkuu wa kanisa la Denmark. Martensen, ambaye baadaye alikikalia kiti chake, alimsifu katika mahubiri kuwa shahidi wa kweli. Kierkegaard alinyamaza karibu mwaka mzima. Desemba akaanza kushambulia gazetini, na mwaka 1855 akaanzisha kijarida chake mwenyewe, Øjeblikket, neno la Kidenmark lenye maana ya kitambo kifupi kama kupepesa jicho. Aliuliza: inawezekanaje mtu aliyelipwa mshahara na serikali, akaheshimiwa na kualikwa kwenye karamu za wakubwa, aitwe shahidi wa Yesu aliyesulubiwa? Denmark kila mtoto alihesabiwa Mkristo kama alivyohesabiwa raia. Ukristo ulikuwa umefanywa rahisi kiasi kwamba, kwa maoni yake, haukuwepo tena. Alitaka urudishiwe gharama yake.

Hapo ndipo niliposimama. Basini sentensi hizo zilinifurahisha. Usiku ule, chumba cha pili kutoka alipolazwa bibi, hazikukaa sawa. Kyerwa hakuna mchungaji wala padri anayelipwa na serikali. Kanisa letu lilijengwa kwa ndizi, maharage na kahawa za watu kama bibi, na mabati yake yalinunuliwa kidogokidogo, msimu kwa msimu. Kwetu Ukristo haujawahi kuwa wa bure. Gharama ambayo Kierkegaard aliililia Copenhagen, bibi aliilipa maisha yake yote, na ipo kwenye daftari, tarehe na kiasi. Tukimchukua Kierkegaard kama alivyo na kumhamishia huku, dawa yake itakuwa kuongeza bei. Wa kwanza kushindwa kuilipa atakuwa mjane mgonjwa.

Kuna jambo la pili. Kierkegaard anamwandikia mtu mmoja aliyesimama peke yake mbele za Mungu. Ni wazo lenye nguvu, na sitaki kulidharau, kwa sababu bila hilo mtu hawezi kuliambia kundi lake kwamba limekosea. Lakini yeye aliweza kusimama peke yake kwa sababu baba yake, mfanyabiashara tajiri aliyefariki 1838, alimwachia mali. Aliiishi mali hiyo, akagharimia vitabu vyake, na ilikuwa karibu kwisha alipofariki Novemba 1855. Kule kwetu kusimama peke yako kuna maana nyingine. Ni kukosa mtu wa kukubebea jeneza.

Na mazishi yake mwenyewe yanatufundisha. Kitandani hospitalini alikataa kupokea ushirika mtakatifu kutoka mkononi mwa mchungaji. Hata hivyo kanisa lilimzika. Ibada ilifanyika katika kanisa kuu la Copenhagen, na ndugu yake, ambaye alikuwa mchungaji, alihutubia. Makaburini, Henrik Lund, mtoto wa dada yake, alipaza sauti kulalamika kwamba kanisa limemchukua mtu aliyelikataa waziwazi. Nilipoisoma sehemu hiyo nilicheka kidogo, kicheko cha msibani. Mpwa wa Copenhagen alilalamika kwamba kanisa limemzika mtu asiyelitaka. Mjukuu wa Nkwenda alikuwa anahofia litasita kumzika mtu ambaye hakuwahi kulikataa.

Kwa hiyo ukosoaji unaotufaa inabidi tuutafute karibu zaidi. Oktoba 1970, Mwalimu Nyerere, Mkatoliki, aliwaambia watawa wa Maryknoll huko New York kwamba kanisa lisiloungana na maskini kupambana na yanayowafanya maskini litahesabiwa kuwa upande wa wanaowakandamiza. Huku kwetu alikuwepo askofu aliyelichukulia jambo hilo kwa uzito. Christopher Mwoleka aliliongoza Jimbo la Rulenge kuanzia 1969 hadi 1996, wakati Karagwe na Kyerwa ya leo zilikuwa ndani yake. Jimbo la Kayanga lilizaliwa 2008. Mwoleka alijiunga na kijiji cha Ujamaa cha Nyabihanga. Aliufundisha Utatu Mtakatifu kama namna ya kuishi kwa kushirikiana, si fumbo la kuumizia kichwa. Mwaka 1976 maaskofu Katoliki wa Afrika Mashariki walikutana Nairobi wakakubaliana kujenga kanisa kupitia jumuiya ndogondogo. Leo neno jumuiya limezoeleka hata nje ya Ukatoliki.

Yaani jumuiya ilizaliwa kama jibu la ukosoaji uleule. Kanisa lilikuwa kubwa na la mbali; likaletwa kwenye nyumba kumi au kumi na tano, watu wajuane, wajue nani mgonjwa na nani amelala njaa. Wazo lilikuwa zuri, na ndilo linaloniuma. Ukishajua nani mgonjwa, unajua pia nani hajalipa. Chombo kilichoundwa ili jirani amwone jirani kilikuwa njia nyepesi kuliko zote ya kukusanya madeni. Sidhani kuna aliyekusudia hivyo. Parokia au usharika unahitaji bati, jumuiya ina majina, na daftari likafunguliwa.

Lakini nikiishia hapo nitakuwa nimesema uongo. Asubuhi ya mazishi kina mama wa jumuiya ile ile walifika kabla hapajakucha, na maji, kuni na mikungu ya ndizi. Walikuwa wamelala nasi kwenye nyasi siku mbili. Mmoja wao alimwita baba mdogo pembeni. Walikuwa wametoa fedha kwenye kikoba chao, wakalipa zile 68,000. "Kahawa usiiguse," alimwambia. "Utaturudishia msimu ukifika." Ibada ikafanyika saa saba. Mwenyekiti mwenyewe alishika jembe kufukia kaburi, na alilia.

Jumuiya ilituokoa na jumuiya. Katika kitabu changu chenye mistari mingi sikupata mahali pa kuliweka hilo, kwa sababu Kierkegaard analiona kanisa kama jengo lenye wachungaji ndani na umati nje. Hakuwaona kina mama wa kikoba. Ukosoaji wa kanisa kwetu lazima uanzie kwao: uhoji kwa nini huruma yao inapitia kikoba, nje ya utaratibu, wakati deni linapitia ndani ya utaratibu, na mwenyekiti amepewa kalamu ya kuandika deni bila kupewa ya kulifuta.

Sidai daftari lichomwe. Nimesoma kwa mabati yale. Nadai jambo dogo linaloweza kupitishwa katika kikao kimoja cha jumuiya: daftari lisiingie kwenye nyumba yenye msiba, na deni la mgonjwa lizikwe naye. Msimu wa kahawa ulipofika, baba mdogo aliwarudishia kina mama fedha yao. Januari nilipoenda kusalimia, niliomba kusema neno kwenye jumuiya. Mwenyekiti alinisikiliza hadi mwisho, akasema, "Mwanangu, hilo liandike." Ndiyo haya.