Kushinda kwa Miguu ya Mwingine

Tarehe 12 Agosti 2012, siku ya mwisho ya Michezo ya Olimpiki ya London, Stephen Kiprotich alimaliza marathoni kwa saa 2, dakika 8 na sekunde 1, akiwaacha nyuma Wakenya wawili, Abel Kirui na Wilson Kipsang. Uganda ilikuwa imeingoja dhahabu hiyo kwa miaka 40, tangu John Akii-Bua alipong'ara Munich mwaka 1972. Sifa zilimwendea mkimbiaji, na zilimstahili. Lakini Kiprotich alikuwa amevuka mpaka kwenda Kenya kuzinoa mbio zake Kaptagat, kwenye kambi ya kocha Patrick Sang. Maana yake ni kwamba Mkenya alimfundisha Mganda, na Mganda huyo akawashinda Wakenya. Insha hii ni ya kumsifu kocha, na hoja yangu ni moja: ukocha ni ufundi unaojitegemea, wala si kiinua mgongo cha mwanamichezo aliyestaafu. Kiini cha ufundi huo ni kuutoa ujuzi katika mwili mmoja na kuutia katika mwili mwingine, bila kumfanya mwanafunzi kivuli cha mwalimu wake. Kasese na Bwera, kwetu magharibi mwa Uganda karibu na mpaka wa Kongo, zina miguu ya kutosha. Ufundi huu ndio zinaoukosa.

Sang mwenyewe hakuwahi kusimama juu kabisa ya jukwaa la dunia. Katika mbio za mita 3,000 za kuruka viunzi na maji alipata fedha Tokyo mwaka 1991, fedha katika Olimpiki ya Barcelona mwaka 1992, na fedha tena Stuttgart mwaka 1993. Mara mbili alitanguliwa na Moses Kiptanui, mara moja na Matthew Birir, wote wananchi wenzake. Mtu wa namna hiyo anaweza kuzeeka akisimulia medali zake, au akajiuliza ni nini hasa kilichoutenga mguu wake na mguu wa yule aliyemtangulia. Sang alijiuliza. Kijijini kwao Kapsisiywa, katika nchi ya Wanandi, kijana wa jirani aliyeitwa Eliud Kipchoge alimwendea kuomba ratiba ya mazoezi. Akapewa ya siku chache, akaitimiza, akarudi kuomba nyingine. Mwaka 2003 kijana huyo, akiwa na miaka 18, alishinda mita 5,000 katika mashindano ya dunia ya Paris, mbele ya Hicham El Guerrouj na Kenenisa Bekele. Baadaye akashinda marathoni ya Olimpiki mara mbili, Rio na Tokyo. Faith Kipyegon alipojiunga na kambi hiyo, alikuwa mkimbiaji wa mita 1,500. Mwaka 2023 aliivunja rekodi ya dunia ya mbio hizo kwa dakika 3, sekunde 49 na nukta 11. Hakuna hata mmoja kati yao aliyepata jina kwa kuruka viunzi na maji. Mwalimu hakuwarithisha mbio zake. Aliwarithisha namna ya kuufikiria mwili unaochoka, kisha akaacha kila mmoja aende kwenye umbali uliomfaa.

Mwaka ule ule wa 2012 unatupa ushahidi mwingine, na huu una uzito kwa sababu umebeba ushindi na ushinde pamoja. Kiprotich alipokuwa akijiandaa kwa London, Kipchoge alikimbia katika mchujo wa Kenya akakosa nafasi kwenye timu. Kocha alikuwa mmoja, barabara za vumbi zilikuwa zile zile na hewa ilikuwa ile ile. Mmoja akavishwa dhahabu, mwingine akabaki nyumbani. Kama ukocha ungekuwa kanuni ya kukariri, matokeo yao yasingeachana hivyo. Mwaka uliofuata Kipchoge aliiacha njia ya uwanjani, akaingia barabarani, akashinda marathoni yake ya kwanza mjini Hamburg. Kocha wa kawaida, akiona mwanafunzi wake aliyekuwa bingwa wa dunia akianguka katika mchujo, humwongezea mazoezi ya yale yale, kana kwamba kushindwa siku zote ni uvivu. Kocha fundi hupima upya. Huuliza kama mwili huu, katika umri huu, bado unadaiwa mbio hizi au umekwisha kuiva kwa nyingine. Kipimo hicho hakiandikwi kwenye ratiba ya ukutani, na saa ya mkononi haiwezi kukitoa, kwa kuwa saa husema mtu amekimbia kwa muda gani, basi.

Ufundi huu haukuzaliwa Bonde la Ufa wala hauishi katika riadha peke yake. Mlengaji shabaha wa Korea Kusini aitwaye Park Chung-gun alistaafu kulenga akawa kocha, na mwaka 2014 akachukua timu ya taifa ya Vietnam. Miaka miwili baadaye, mjini Rio, mwanafunzi wake Hoang Xuan Vinh, afisa wa jeshi aliyekwisha kupita miaka 40, aliingia fainali ya bastola ya upepo ya mita 10. Katika mchezo huo duara la alama kumi lina upana wa milimita 11.5, na mlengaji husimama akinyoosha mkono mmoja bila kuegemea kitu. Kabla ya risasi ya mwisho Hoang alikuwa nyuma ya Felipe Almeida Wu wa Brazili kwa nukta 0.2. Mbrazili akapata 10.1, naye akapata 10.7. Jumla yake ilikuwa 202.5, na hiyo ikawa dhahabu ya kwanza ya Olimpiki katika historia ya Vietnam. Jin Jong-oh, Mkorea aliyekuwa bingwa mtetezi wa mchezo huo, alimaliza wa tano. Mfano wa London ulikuwa umejirudia: ujuzi wa nchi moja ulivuka mpaka ukaishinda nchi iliyouzaa. Na hapa mkono wa kocha unaonekana waziwazi zaidi kuliko katika mbio, kwa sababu mlengaji hatumii mapafu makubwa wala miguu mirefu. Anachohitaji ni utulivu, na utulivu hauonyeshwi kwa mfano kama mtu anavyoonyesha namna ya kuruka. Kocha hawezi kumshikia mwanafunzi pumzi yake. Anaweza tu kumzoesha kuijua, mpaka siku atakaposimama mbele ya dunia nzima pumzi hiyo iwe imekwisha kuwa tabia yake.

Wapo watakaosema kwamba ninampa kocha sifa ya mlima. Kaptagat iko juu ya mita 2,000 kutoka usawa wa bahari, hewa yake ni nyepesi, na watoto wa huko huzaliwa wakipanda na kushuka. Hoja hii ina ukweli, ila inathibitisha kidogo kuliko inavyodhaniwa. Nasi pia tuna mlima. Kasese imekaa miguuni pa Rwenzori, ambao kilele chake cha Margherita kinafika mita 5,109. Nyakalengija, pale wapandaji wanapoanzia safari, iko mita 1,646, na juu yake miteremko inaendelea bila kikomo cha kumtosha mkimbiaji. Wakonzo wamelima miteremko hiyo, wamebeba kahawa mgongoni kwenda chini na maji kwenda juu, kwa vizazi ambavyo hakuna aliyevihesabu. Kama mwinuko na miguu migumu vingetosha kuzaa mabingwa wa marathoni, Kasese ingekuwa imeshiba medali. Mlima hutoa mapafu tu. Kuyageuza mapafu hayo kuwa mbio za kilomita 42 ni kazi ya mtu anayejua ni juma gani la kupanda, ni juma gani la kukimbia tambarare, na ni juma gani la kulala.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi, kwa kuwa linatoka katika historia yetu wenyewe. Akii-Bua alifundishwa na Mwingereza Malcolm Arnold, aliyekuja Uganda mwaka 1968, na Arnold hakuwahi kuwa bingwa wa dunia wa chochote. Ilhali mwanafunzi wake, akiwa kwenye njia ya ndani kabisa ambayo warukaji viunzi huikwepa kwa sababu ya kona zake kali, alikwenda mita 400 kwa sekunde 47.82, rekodi ya dunia. Je, hilo halionyeshi kwamba kuwa bingwa kwanza si lazima? Naam, linaonyesha, na linaitia nguvu hoja yangu. Kama bingwa angekuwa kocha kwa sababu tu ya ubingwa wake, Arnold asingefika popote. Alifika kwa sababu alikuwa na jicho la kupima, na alilitumia tena baadaye kwa Colin Jackson, aliyeiweka rekodi ya dunia ya viunzi vya mita 110 mwaka 1993. Mchezaji aliyestaafu ana akiba moja ambayo mtu wa namna ya Arnold lazima aitafute kwa njia ndefu: anajua kwa mwili wake mwenyewe kuchoka kunavyodanganya, na anajua ladha ya kushindwa kwa hatua moja. Lakini akiba hiyo ina hatari yake. Aliyeshinda kwa njia fulani huamini kwamba njia hiyo ndiyo pekee, na huwavunja vijana ambao miili yao haikuumbwa kama wake. Kwa hiyo bingwa anayetaka ukocha huanza na deni, yaani kuisahau nusu ya yale anayoyajua, na ugumu uko katika kujua ni nusu ipi.

Pingamizi la tatu nalisikia kutoka Bwera, na si la kupuuzwa. Mtu wa mpakani anaweza kuuliza kwa nini mlengaji bastola atajwe kwa sifa katika nchi ambamo mwezi Juni 2023 waasi wa ADF waliishambulia shule ya sekondari ya Mpondwe-Lhubiriha, wakaua watu zaidi ya 40, wengi wao wanafunzi. Swali hili lina haki yake, na jibu lake halipaswi kuwa la haraka. Sipendekezi viwanja vya kulenga shabaha Bwera. Mahali palipoumia hapadaiwi kupenda chombo kilichopaumiza. Ninachokichukua kwa Park ni nidhamu, na ukiitazama nidhamu hiyo kwa karibu utaona kwamba sehemu yake kubwa ni kutofyatua. Mlengaji aliyefundishwa vizuri, akihisi mkono hautulii, huishusha bastola na kuanza upya, hata kama muda unamwishia. Kujizuia huko ndiko kocha anakofundisha kwa miaka mingi, na kunaweza kufundishwa kwa mpira, kwa ngumi au kwa mbio, bila risasi hata moja. Vijana walioishi karibu na vurugu wanamhitaji zaidi kuliko wengine mtu mzima anayejua kuifundisha subira kwa vitendo badala ya mahubiri.

Liko pia suala la utii. Sang alimwandaa Mganda dhidi ya Wakenya. Park alimwandaa Mvietnam dhidi ya Wakorea. Je, huo si usaliti? Watu wa Bwera wana jibu hata kabla ya kuulizwa, maana soko la Mpondwe haliwezi kuishi siku moja bila wateja na bidhaa za Kasindi, upande wa Kongo, ng'ambo ya mto Lhubiriha. Ujuzi, kama biashara, haumfukarishi anayeutoa. Kenya haikupungukiwa kwa kumfundisha Kiprotich. Kipchoge na Kipyegon walitoka kambi ile ile na kuinyanyua bendera yake. Ufundi unaofungiwa ndani ya mpaka huzeeka upesi, kwa sababu haujaribiwi kwenye mwili usioufahamu.

Hapa ndipo hoja inaporudi nyumbani. Tangu mwaka 2022 Kasese imekuwa na mbio zake za marathoni za Rwenzori, na kila zinapofika mji hujaa wakimbiaji na wageni. Ni jambo jema. Lakini mbio za siku moja huonyesha nani ana mbio. Hazimpi mtu mbio. Kati ya mbio na mbio kuna miezi mingi, na katika miezi hiyo kijana wa Kyarumba au wa Bwera hukimbia peke yake, akijipima kwa uchovu wake tu. Kuna tofauti kati yake na mgeni anayepanda Rwenzori nyuma ya mwongozaji wa Kikonzo: mgeni ana mtu anayejua wapi pa kupunguza hatua, wapi pa kulala kwanza ili urefu usimwangushe, na lini kilele kiachwe kwa sababu ya hali ya hewa. Wilaya yetu imejua kwa muda mrefu kwamba mtu hapandishwi mlima bila mwongozaji, na humlipa. Sioni sababu ya kuamini kwamba mtu anaweza kupandishwa Olimpiki bila mwongozaji wake.

Najua litakalosemwa mwisho: kwamba wilaya inayokosa dawa zahanati na vitabu shuleni haina fedha ya kumlipa kocha. Ila tuhesabu kwa haki. Tunazo fedha za fulana za mashindano, za vikombe na za kumpokea bingwa akirudi na medali aliyoipatia kwa jirani. Akii-Bua alirudi nyumbani baada ya kukimbilia uhamishoni, akafanya kazi ya ukocha, na alipofariki mwaka 1997 taifa lilimzika kwa heshima. Lakini heshima ya mazishi haifundishi mtoto kuruka kiunzi. Bei ya kocha mmoja aliyesomeshwa vizuri, akapewa miaka kumi katika shule kadhaa za Bukonzo, ni ndogo kuliko inavyoonekana, kwa sababu anachokizaa si medali tu. Anazaa makocha wengine, yaani wale wanafunzi ambao hawatashinda chochote lakini watajua kupima. Mwanamichezo anayestaafu leo Kasese asipewe cheti cha shukrani akaambiwa aende shambani. Apelekwe kusoma, arudishwe kwa mshahara, na aulizwe baada ya miaka michache ni vijana wangapi wanaokimbia vizuri zaidi ya alivyokimbia yeye, kila mmoja kwa namna yake. Huo ndio mtihani wa ufundi huu, na kocha wa kweli hauogopi.