Aliye Kitandani Hakimbii

Kila filamu ya mapigano hubeba swali linaloweza kuiua mapema: kwa nini watu hawa hawakimbii? Mtazamaji wa kibanda umiza haliulizi kwa upole. Hulipigia kelele, na benchi zima humwunga mkono. Mwongozaji mwenye fedha hulijibu kwa kuwakimbiza kweli. Wanaingia garini, gari linapinduka, wanarukia boti, boti inalipuka, na kabla hatujavuta pumzi tuko mji mwingine. Mwongozaji asiye na kitu hana pa kuwapeleka. Ana jengo moja la kuazima, hadithi ya usiku mmoja, waigizaji wachache na taa za kutosha korido moja. Hana budi kubuni sababu ya watu wake kubaki, nayo iwe na nguvu kuliko hofu ya kifo.

Ufundi wa kubuni sababu hiyo ndio ninaousifu hapa. Filamu za kuzingirwa, hasa zile za bajeti ndogo zinazotokea hospitalini, huwekwa rafu ya chini, mahali pa vitu vya kupotezea usiku. Mimi naona ni shule kali ya usimulizi. Bora kati yake hazifichi umaskini wake. Kila kilichokosekana wakati wa kupiga picha hupewa kazi ndani ya hadithi, mpaka pengo lenyewe linakuwa ndiyo sheria ya dunia ile.

Mfano ulio wazi ni Assault on Precinct 13, aliyoitoa John Carpenter mwaka 1976 kabla hajatimiza miaka 30, kwa bajeti ya takriban dola 100,000. Hospitali haimo. Kilichomo ni kituo cha polisi cha Los Angeles kinachohamishwa, usiku wake wa mwisho. Tazama hesabu ilivyopigwa. Askari wengi wangegharimu fedha. Basi wameshahamia jengo jipya, wamebaki wachache wa kufunga milango. Bunduki nyingi zingegharimu fedha. Basi nazo zimepakiwa na kuondoka. Umeme unakatwa, simu inakatwa, na giza ambalo lingekuwa aibu ya mpiga taa linakuwa silaha ya adui. Hata mlio wa risasi umepunguzwa: genge linalozingira linatumia vizuia mlio. Tunachoona ni karatasi zikiruka mezani, mapazia yakitikisika na vioo vikimwagika, huku mtaa wa nje ukiendelea kulala. Washambuliaji wanaburuta hata maiti zao gizani ili gari la doria likipita lisione kitu. Kimya hicho kinatisha kuliko baruti ya filamu kumi za fedha nyingi.

Muziki aliutunga Carpenter mwenyewe kwa sinthesaiza, sauti chache zinazojirudia kama mtu anayegonga mlango bila kuchoka. Uhariri aliufanya pia, akajiandika jina la bandia, John T. Chance, ambalo ni jina la sherifu katika Rio Bravo, filamu ya Howard Hawks ya mwaka 1959 iliyomfundisha jinsi watu wachache wanavyoweza kulinda jengo moja. Na swali la benchi? Ndani ya kituo kuna baba aliyeuawa binti yake na genge, akamuua mmoja wao, akakimbilia hapo akiwa hana hata neno la kusema. Kumtoa nje ni kumuua. Waliomo hawamjui jina, lakini hawamtoi. Jengo zima limefungwa na deni la ugeni.

Kituo cha polisi, hata hivyo, kina kasoro moja kwa msimulizi: waliomo wanaweza kupigana, na siku wakiamua, wanaweza pia kukimbia. Hospitali haina kasoro hiyo. Ukiingiza adui hospitalini, swali la kwa nini hawakimbii linajibiwa na kitanda cha kwanza kamera inachopita. Kuna mtu ameshonwa jana. Kuna mama amefika na uchungu, na mtoto hajui kwamba nje kuna majambazi. Kuna mzee anayepumua kwa mtungi wa oksijeni. Muuguzi wa zamu ya usiku ana miguu yote miwili na anaijua njia ya nyuma ya jikoni, lakini akiondoka, wodi inabaki na nani? Hapo filamu imepata kitu ambacho fedha hazinunui: mtu anayeweza kukimbia na hakimbii.

Hospitali pia imejaa saa, wala si zile za ukutani. Chupa ya dripu ni saa. Mtungi wa oksijeni ni saa. Mafuta ya jenereta ni saa, na tumbo lililofunguliwa kwenye chumba cha upasuaji ni saa kali kuliko zote. Mwongozaji hahitaji bomu lenye tarakimu nyekundu. Anahitaji kutuonyesha mara moja tu kwamba chupa imebaki robo, kisha atupeleke kwenye mapigano ya korido na atuache tuhesabu wenyewe. Ramani nayo tunayo. Hakuna mtazamaji asiyewahi kukaa kwenye benchi la mapokezi, kusubiri saa ya kuona wagonjwa au kupotea akitafuta maabara. Anaujua mlango usioruhusiwa kuingia, na anajua chini kabisa kuna chumba ambacho watu hukipita haraka.

The Void ya mwaka 2016, iliyotengenezwa Kanada na Jeremy Gillespie na Steven Kostanski, iliuhamishia ujanja wa Carpenter moja kwa moja hospitalini. Hospitali imeungua na inahamishwa, wafanyakazi wamebaki wachache, na nje wamesimama watu waliojifunika mashuka meupe, kila uso na alama ya pembetatu nyeusi. Shuka na pembetatu: gharama yake ni ya fundi cherehani, hofu yake ni ya usiku kucha. Watengenezaji walichangisha fedha kwa umma ili wajenge mazimwi ya kushikika kwa mkono badala ya yale ya kompyuta. Hadithi inapoteremka kwenye tabaka za chini za jengo inachanganyikiwa kidogo, lakini nusu yake ya kwanza ni somo kamili la jinsi ya kumfungia mtu ndani.

Kilele cha aina hii, kwangu, ni Hard Boiled ya John Woo, Hong Kong, mwaka 1992. Bajeti yake haikuwa ya kimaskini kwa vipimo vya Hong Kong, ila Hollywood isingeitazama mara mbili. Katika sehemu yake ya mwisho, polisi Tequila, aliyeigizwa na Chow Yun-fat, na Alan, askari wa siri aliyeigizwa na Tony Leung, wanagundua ghala la silaha chini ya hospitali. Mwenye ghala, Johnny Wong, anaigeuza hospitali nzima kuwa ngome. Jengo tunaloliona halikuwa hospitali. Lilikuwa kiwanda cha zamani cha Coca-Cola kilichoachwa, kikavalishwa vitanda, vioo na vibao vya wodi, kisha kikavunjwa kipande kwa kipande mbele ya kamera.

Humo ndimo kuna picha moja isiyokatwa ya takriban dakika mbili na sekunde arobaini. Kamera inawafuata mashujaa wawili kwenye korido wakifyatua risasi huku na huko. Wanaingia kwenye lifti, mlango unafungwa, wanapanda, mlango unafunguliwa, nao wanatokea ghorofa nyingine na kuendelea kupigana. Lakini ghorofa ni ileile. Kwa sekunde chache ambazo waigizaji wako ndani ya sanduku lile, mafundi wa seti wanakimbia nje, wanafagia vioo, wanabadilisha vitu, wanatega vilipuzi vipya. Mtazamaji hawaoni hata mmoja wao, ila anakula jasho lao. Bado ujanja si jambo kubwa hapo. Kubwa ni kile Woo anachokiweka ndani ya lifti wakati mafundi wanahangaika: mmoja wa wawili hao anang'amua kwamba katika vurugu ile amempiga risasi askari mwenzao. Pumziko la kiufundi limegeuzwa kuwa pumziko la dhamiri. Fundi mdogo angejaza sekunde zile kwa mzaha. Fundi mkubwa ameona kwamba mlango uliofungwa ndiyo nafasi pekee ya mtu kujitazama, na kwamba utakapofunguka hatakuwa na muda wa kutubu.

Juu, kwenye wodi ya watoto wachanga, polisi Teresa na wenzake wanawatoa vichanga mmoja mmoja kupitia dirishani. Mmoja anasahaulika, na Tequila anarudi kumchukua. Anapigana akiwa amempakata, pamba zimetiwa masikioni mwa mtoto ili mshindo usimtishe. Suruali ya shujaa inashika moto, na mkojo wa mtoto ndio unaouzima. Watu hucheka hapo, nao hawakosei. Lakini tazama mizani ya tukio: mkono mmoja una bunduki, mwingine una mtu asiyejua bunduki ni nini. Stelingi hawezi tena kuruka wala kujirusha chini apendavyo. Mtoto amempunguzia mbinu, na kila mbinu iliyopungua imetuongezea hofu.

Hata upande wa uovu kuna mtu anayeisoma sheria ya jengo. Mad Dog, muuaji wa Johnny Wong, anakutana uso kwa uso na Alan, na katikati yao wamenaswa wagonjwa wasioweza hata kutembea vizuri. Wapinzani hao wawili wanashusha silaha ili wagonjwa wapite. Kisha bosi anatokea na kuwamiminia wagonjwa risasi, na Mad Dog anamgeuzia bosi wake mtutu. Inamgharimu uhai. Aliyemwigiza, Philip Kwok, ndiye pia aliyeongoza mapigano ya filamu, na nadhani haikuwa bahati kwamba mtu aliyepanga kila risasi alijua pia mahali ambapo risasi inapaswa kusita.

Zipo zilizoshindwa, na zinafundisha. Halloween II ya mwaka 1981 inamlaza Laurie Strode hospitalini, ameumia na amepewa dawa za kumlegeza. Wazo hilo ni zuri, kwani mwili wenyewe unamkatalia kukimbia. Lakini hospitali yake ni tupu mno. Manesi wapo wachache, wagonjwa karibu hawaonekani, na upesi mtazamaji anaanza kuuliza jengo lote lile linamhudumia nani. Filamu nyingi za bei rahisi za miaka ya karibuni zimerithi kosa hilo. Zinaikodi korido kwa sababu ni ndefu na nyeupe, halafu zinasahau kuweka wagonjwa. Hospitali bila wagonjwa ni ofisi yenye harufu ya dawa. Upungufu uliofichwa unaonekana, ulioelezwa unaaminika.

Ukali wa hadithi hizi unatokana pia na mwiko ulio nje ya sinema. Mkataba wa Nne wa Geneva wa mwaka 1949 unakataza kushambulia hospitali za raia, na hata asiyejua mkataba wowote anajua kwamba mgonjwa hapigwi. Mwiko huo umevunjwa. Juni 1995 wapiganaji wa Kichechnya wakiongozwa na Shamil Basayev waliwashika mateka zaidi ya 1,000 katika hospitali ya Budyonnovsk, kusini mwa Urusi. Majeshi yalijaribu kuivamia na kushindwa, na zaidi ya watu 100 walikufa katika mkasa mzima. Hakukuwa na stelingi. Uliisha kwa mazungumzo ya simu kati ya Waziri Mkuu Viktor Chernomyrdin na Basayev, yakionyeshwa kwenye televisheni. Anayetengeneza burudani kwa mada hii anapaswa kulijua hilo. Halimkatazi kutengeneza. Linamdai tu kwamba kila kitanda anachokiweka kwenye picha kiwe na mtu, wala kisiwe kinga ya kujifichia risasi.

Kwetu Afrika Mashariki ufundi wa kutumia kidogo hauhitaji mwalimu wa mbali. Isaac Nabwana wa Wakaliga, Kampala, aliitoa Who Killed Captain Alex? mwaka 2010 kwa fedha anazosema hazikufika dola 200, bunduki zikiwa za vyuma chakavu na mbao, kompyuta ikiwa ya kuunganishwa kwa vipuri. Juu ya picha akawekwa msimulizi, VJ Emmie, anayetania, anayeshangilia, anayemtahadharisha stelingi. Hiyo ni kazi ambayo watazamaji wa Dar es Salaam waliizoea kwa Lufufu na DJ Mark, waliozisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili mpaka zikawa zetu. Penye pengo la picha, sauti ya msimulizi inaingia na kuliziba. Ni akili ileile ya vizuia mlio vya Carpenter na lifti ya Woo: usiombe radhi kwa usichonacho, kipe kazi.

Ndiyo maana nashangaa kwamba waongozaji wetu, wenye bajeti za kuwabana ndani ya sebule moja, hawajaishambulia zaidi hadithi hii. Zahanati ya mwisho wa barabara ya vumbi ina kila kitu: nesi mmoja wa zamu, mlinzi mwenye tochi, mjamzito aliyefika kwa bodaboda, sola inayofifia alfajiri haijafika, na gari la wagonjwa lililoitwa ambalo halijulikani liko wapi. Ongeza majeruhi mmoja anayetafutwa na watu wa nje. Hauhitajiki hata mlipuko mmoja. Mwandishi aanze na orodha ya waliomo, aandike mbele ya kila jina kama mtu huyo anaweza kuondoka, na kama anaweza, ni nini kinachomzuia. Majina yote yakishapata jibu, filamu imekwisha kuandikwa. Iliyobaki ni kutafuta jenereta.