Kufuga, Kuzoeza na Kufugika: Uhakiki wa Masimulizi ya Jaribio la Mbweha wa Novosibirsk

Ikisiri

Makala hii inahakiki namna jaribio la mbweha lililoanzishwa na Dmitri Belyaev huko Siberia mwaka 1959 linavyosimuliwa, hasa katika kitabu cha Lee Alan Dugatkin na Lyudmila Trut cha mwaka 2017. Hoja yetu ni kwamba jaribio lilithibitisha jambo moja kubwa, yaani kwamba upole wa mnyama hurithiwa na unaweza kuongezwa kwa kuteua wazazi, lakini masimulizi yake yamelitwika jambo la pili ambalo takwimu za jaribio lenyewe haziwezi kulibeba. Inaoneshwa pia kwamba Kiswahili kina vitenzi vya kutenganisha mambo hayo, ilhali maandishi yetu ya kitaaluma na ya kisera huyakusanya yote chini ya neno moja, ufugaji.

Utangulizi

Majaribio machache ya jenetiki yamebahatika kuwa hadithi. Hili la mbweha limebahatika, na anayelisoma hashangai. Belyaev alikuwa mtaalamu wa wanyama wa manyoya katika Umoja wa Kisovieti wakati ambapo kuifuata jenetiki ya Mendel kulikuwa kosa la kisiasa. Kaka yake Nikolai, naye mwanajenetiki, aliuawa na dola mwaka 1937. Trofim Lysenko alipopata ushindi rasmi mnamo Agosti 1948, Belyaev mwenyewe alipoteza wadhifa wake huko Moscow. Baadaye alihamia Novosibirsk, akaiongoza Taasisi ya Sitolojia na Jenetiki kuanzia mwaka 1959 hadi alipofariki mwaka 1985, na humo akaanzisha jaribio ambalo mbele ya wakubwa lilielezwa kuwa la fiziolojia tu.

Swali lake lilikuwa la zamani. Charles Darwin, katika kitabu chake cha mwaka 1868 kuhusu wanyama na mimea inayofugwa na kulimwa, alikwisha kuona kwamba wanyama wa nyumbani wa jamii mbalimbali hufanana kwa mambo ambayo mababu zao wa porini hawana: mabaka meupe, masikio ya kulegea, mikia ya kujikunja, kuzaa nje ya msimu. Belyaev alikisia kwamba yote hayo yana chanzo kimoja. Binadamu wa kale hakuteua masikio wala rangi. Aliteua mnyama asiyemkimbia wala kumng'ata, na mengine yakafuata yenyewe. Ili kuipima dhana hiyo alihitaji mnyama ambaye bado hajawa wa nyumbani, apate kumteua kwa tabia peke yake.

Hapa msomaji wa Kiswahili anastahili tanbihi ndogo. Neno mbweha katika nchi zetu humtaja kwanza yule wa mbugani, mwenye mgongo mweusi au milia ubavuni, ambaye ni ndugu wa karibu zaidi wa mbwa. Mnyama wa Novosibirsk ni mbweha mwekundu, Vulpes vulpes, tena wa aina yenye manyoya ya rangi ya fedha iliyopendwa sana katika biashara ya ngozi. Hapatikani porini kwetu. Nilipowasimulia wanafunzi jaribio hili kwa mara ya kwanza, nusu ya darasa walikuwa wakimwaza mnyama mwingine kabisa.

Yaliyothibitishwa

Kundi la kwanza lilikuwa na madume 30 na majike 100, wengi wao kutoka shamba la manyoya la Estonia. Kwa maelezo aliyoyachapisha Trut mwaka 1999, watoto walianza kupimwa wakiwa na umri wa mwezi mmoja: mtafiti alinyoosha mkono wenye chakula, akajaribu kumpapasa mnyama, akaandika alichokiona. Walipobalehe walipangwa katika madaraja. Madume walioruhusiwa kuzaa hawakuzidi asilimia 4 au 5, na majike walikuwa kama asilimia 20. Hawakufunzwa, na muda wao na watu ulikuwa mfupi kwa makusudi, ili upole utakaoonekana usiwe tunda la mazoea.

Matokeo ya tabia hayana utata. Katika kizazi cha sita ilibidi liundwe daraja jipya la wateule, yaani mbweha wanaomtafuta mtu, wanaotikisa mkia na kulialia wakitaka kuguswa. Kufikia kizazi cha kumi, wateule walikuwa asilimia 18 ya watoto. Kufikia cha ishirini, asilimia 35. Na wakati Trut anaandika, kati ya asilimia 70 na 80. Hofu ya vitu vigeni, ambayo kwa mbweha wa kawaida huanza katika wiki ya sita, kwa hawa ilichelewa hadi wiki ya tisa au zaidi. Kiwango cha kawaida cha homoni za mfadhaiko katika damu kilishuka kwa nusu baada ya vizazi 12, kisha kwa nusu tena baada ya vizazi 28 hadi 30. Viinitete vilipohamishwa kutoka tumbo la mama mpole hadi tumbo la mama mkali, na kinyume chake, watoto waliifuata tabia ya damu yao, si ya mama aliyewabeba. Mwaka 2018 Anna Kukekova na wenzake walichapisha jenomu ya mbweha na kubainisha maeneo 103 yanayotofautisha makundi.

Kwa mizani yoyote, hii ni kazi kubwa. Trut, aliyefariki mwaka 2024, aliitumikia kwa zaidi ya miongo sita, ikiwemo ile ya tisini ambapo kundi la wazazi 700 lilipunguzwa hadi 100 kwa kukosa fedha za chakula na mishahara. Uhakiki unaofuata haumpunguzii heshima hiyo.

Picha na takwimu

Kitabu cha Dugatkin na Trut, How to Tame a Fox, kinasomeka kama riwaya. Tunamwona Pushinka, jike aliyehamia na Trut katika nyumba ndogo kando ya shamba, akalala miguuni pake na usiku mmoja akabweka kama mbwa mlinzi. Tunamwona Mechta, jina lenye maana ya ndoto, ambaye masikio yake hayakusimama. Taharuki imejengwa vizuri, na kwa sababu hiyo msomaji huvuka mpaka mmoja bila kuonywa: anatoka kwenye tabia, ambayo ushahidi wake ni wa maelfu ya wanyama, na kuingia kwenye umbo, ambalo ushahidi wake ni wa aina nyingine.

Tuirejee jedwali ya Trut ya mwaka 1999. Doa jeupe la kipaji cha uso lilipatikana kwa kiwango cha wanyama 12,400 katika kila 100,000 wa kundi pole, dhidi ya 710 katika kundi lisiloteuliwa. Ongezeko hilo ni la kweli na linahitaji maelezo. Mkia wa kujikunja duara: 9,400 dhidi ya 830. Lakini masikio ya kulegea, ambayo ndiyo nembo ya hadithi nzima, yalikuwa 230 dhidi ya 170. Maana yake ni kwamba kundi la mbweha 700 waliozaliwa kwa uteuzi wa miongo minne lingekuwa na mmoja au wawili wenye masikio hayo, na kundi la kawaida lenye idadi hiyohiyo lingekuwa na mmoja. Mechta alikuwepo, wala picha yake si ya kughushi. Ila picha moja imesimama mahali pa asilimia, na miaka mingi imeombwa itoe ushahidi ambao asilimia isingeutoa.

Hata doa jeupe, lenye takwimu nzuri, halisemi kwamba mbweha wamekuwa mbwa. Wengi wa mbweha pole hawakuwa nalo. Upole ulienea karibu kundi zima, mabadiliko ya umbo yakabaki kwa wachache. Ikiwa yote ni matawi ya shina moja, tofauti hii ya kuenea inapaswa kuwa katikati ya mjadala. Nadharia tete ya Wilkins, Wrangham na Fitch ya mwaka 2014, inayoyaunganisha mambo hayo kupitia seli za kiinitete zinazozaa pamoja chembe za rangi, gegedu la sikio na tezi za mfadhaiko, inavutia, lakini inaeleza uhusiano ambao ukubwa wake bado haujakubalika. Utafiti wa Erin Hecht na wenzake wa mwaka 2021 umeongeza ugumu: ubongo wa mbweha pole ulionesha ongezeko la tabaka la kijivu katika maeneo kadhaa, na ubongo wa mbweha walioteuliwa kwa ukali nao pia. Ninavyousoma mimi, baadhi ya tunayoyahesabu kuwa alama za upole huenda ni alama za uteuzi mkali wa namna yoyote.

Mbweha walitoka wapi

Udhaifu mzito zaidi wa masimulizi uko mwanzoni mwake. Inasemwa mara nyingi kwamba Belyaev alimchukua mnyama wa mwitu akamfanya wa nyumbani. Hakumchukua mwituni. Mashamba ya mbweha wa rangi ya fedha yalianzia Kisiwa cha Prince Edward, Kanada, mwishoni mwa karne ya 19, katika kazi ya Charles Dalton na Robert Oulton. Kufikia mwanzoni mwa karne ya 20, jozi moja ya kuzalisha iliuzwa kwa maelfu ya dola. Mtu aliyetoa fedha hizo hakutaka jike anayekula watoto wake kwa hofu kila mlango wa banda unapofunguliwa. Aliweka watulivu, wengine akawachuna. Wazao wa mbweha hao ndio waliouzwa hadi Ulaya na Umoja wa Kisovieti. Uchunguzi wa vinasaba wa Statham na wenzake mwaka 2011 ulirudisha nasaba ya mbweha wa mashamba ya Urusi mashariki mwa Kanada.

Kathryn Lord na wenzake, mwaka 2020, waliifanya historia hii kuwa shtaka: mabaka na upole vilikuwepo katika mashamba ya manyoya kabla ya Belyaev. Walijibiwa kwa ukali. Melinda Zeder alisema wamejitengenezea mbweha wa majani ili wapate wa kumpiga. Trut na wenzake walisisitiza umbali kati ya mbweha wa Prince Edward na wateule wa Novosibirsk. Katika tabia, Trut ana haki: shamba la manyoya halikuwahi kutoa kundi ambalo watoto wake saba au wanane katika kumi humkimbilia mtu. Katika umbo, sioni kama shtaka limejibiwa. Trut aliwahi kujitetea kwamba kiwango cha kuzaliana kwa ndugu kilibaki kati ya 0.02 na 0.07, hivyo mabaka hayakuletwa na ufinyu wa ukoo. Lakini hesabu ya namna hiyo huanzia kwa waasisi wa kundi. Haiwezi kuona ufinyu uliotokea kisiwani kabla ya waasisi hao kuzaliwa.

Jambo la kusikitisha ni kwamba Trut mwenyewe alilisema. Katika makala yake ya 1999 alikiri kwamba mbweha wa kwanza walikuwa tayari wapole kuliko wa porini, na kwamba kukamatwa na kufungiwa kulikwisha kuacha alama. Tahadhari hiyo hupungua sauti kadiri hadithi inavyosimuliwa upya. Ndivyo ilivyo kwa habari nyingine aliyoiandika bila kuficha: kwa muda mrefu gharama za jaribio zililipwa kwa kuuza ngozi za mbweha waliotolewa kundini. Pushinka ana sura nzima; hao hawana majina.

Vitenzi vyetu

Kiswahili kinaweza kuisaidia mada hii kuliko tunavyokitumia. Kufuga ni tendo la mwenye banda: humweka mnyama, humlisha, humzuia. Kuzoeza ni tendo juu ya mnyama mmoja, na hufa naye. Kufugika ni sifa ya mnyama mwenyewe, kama vile njia kupitika au mwandiko kusomeka. Simba wa bustani amefugwa, pengine amezoezwa, lakini hafugiki. Mbweha wa Prince Edward walifugwa, nao wakateuliwa bila mpango. Belyaev alichokipima ni kufugika: je, sifa hiyo hurithiwa, na inaweza kukuzwa kwa kasi gani? Kuhamisha viinitete kulikuwa njia ya kutenganisha kuzoeza na kufugika. Anayeandika "ufugaji" kwa yote matatu hawezi kulieleza jaribio, achilia mbali kulihakiki.

Mchanganyo huu una gharama hapa kwetu. Punda ni mzawa wa Afrika, na utafiti wa jenomu uliochapishwa mwaka 2022 unaelekeza asili ya ufugikaji wake upande wa mashariki wa bara hili, yapata miaka 7,000 iliyopita. Pundamilia, ambaye lugha imempa jina la punda mwenye milia, alikamatwa na kuzoezwa kazi na wakoloni wa Kijerumani katika Afrika Mashariki, na jitihada hizo hazikufika mbali. Walizoeza mmojammoja, hapakuwa na vizazi vya uteuzi. Leo shughuli za kuweka mbuni, mamba au swala mashambani huitwa ufugaji wa wanyamapori, na jaribio la mbweha ni kielelezo chepesi kwa yeyote atakayetaka kudai kwamba miaka michache ya banda itatoa mnyama wa nyumbani. Novosibirsk haikusema hivyo. Ilianza na mnyama aliyekwisha kupita nusu karne na zaidi katika vizimba, ikawaondoa katika uzazi zaidi ya asilimia 95 ya madume, na bado baada ya vizazi ishirini watoto wengi hawakuwa wateule.

Kwa hiyo rasimu za sera na istilahi zitakazopitia mikononi mwa wajumbe wa kongamano hili zingefaidika kwa kuliwekea neno kufugika sharti: litumike pale tu penye rekodi za wazazi na vipimo vya tabia kwa vizazi kadhaa. Pasipo rekodi hizo, waraka useme mnyama amefungiwa, au amezoezwa, na utaje ni wangapi.