Juu ya Vifupisho vya Wahariri katika Kamusi Elezo ya Kiswahili

Kila kazi ya maandishi inayopita katika mikono mingi huzaa alama zake za mkato. Wapiga chapa wana zao, makarani wana zao, na wanachuoni walionakili vitabu kwa mkono walikuwa na zao. Alama hizo si pambo. Kazi yake ni kumwambia anayekuja nyuma ni jambo gani lililotendwa juu ya maandishi, na kwa sababu gani. Alama ikitimiza kazi hiyo ni njema hata ikiwa herufi moja. Isipoitimiza haifai, hata kama yatumiwa na ulimwengu mzima. Kwa kipimo hicho yafaa kuhakiki vifupisho vya wahariri wa Wikipedia ya Kiswahili, ambayo hujiita kamusi elezo huru, na hasa kutazama yanayoweza kuyapata maandishi juu ya Mji Mkongwe na kisiwa cha Unguja.

Wikipedia ya Kiswahili ilianzishwa mwaka 2003. Mtu ye yote mwenye mtandao aweza kuandika makala mapya au kubadili yaliyokwisha kuandikwa na mwingine, na kila badiliko huhifadhiwa katika historia ya ukurasa pamoja na tarehe, saa, jina la mhariri na kiasi cha maandishi kilichozidi au kilichopungua. Pamoja na hayo mhariri hupewa nafasi ya mstari mmoja aeleze alilolitenda. Mstari huo huitwa muhtasari. Hapo awali ulikuwa mfinyu, haukuzidi baiti 255. Tangu mwaka 2018 umepanuliwa hata kufikia herufi 500. Muhtasari ukisha kuhifadhiwa, aliyeuandika hawezi tena kuunyoosha. Wakabidhi waweza kuuficha tu. Na wale wanaolinda kurasa huusoma katika orodha ya mabadiliko ya karibuni kabla ya kufungua makala yenyewe. Kwa hiyo maneno machache yaliyoandikwa hapo yana uzito kuliko umbo lake, maana ndiyo yanayofanya badiliko liaminiwe au lishukiwe.

Mfano mmoja watosha. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu watu 1,303,569 katika Zanzibar yote, yaani Unguja na Pemba. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 1,889,773. Mtu akiiondoa hesabu ya kwanza na kuweka ya pili bila ya kuandika lo lote katika muhtasari, mlinzi aliye mbali ataona kwamba watu wameongezwa zaidi ya nusu milioni pasipo sababu, na aweza kuirudisha hesabu ya zamani. Lakini akiandika “sensa 2022”, shaka yaondoka. Huo ndio ufupisho mwema: ni mfupi, na bado umebeba sababu.

Vifupisho vinavyoigwa zaidi si vya namna hiyo. Vimetoka katika Wikipedia ya Kiingereza, iliyotangulia kwa miaka miwili, vikaletwa na wahariri wapitao kutoka lugha nyingine na hata na Waswahili waliojifunzia kazi huko. “Sp” huarifu kwamba tahajia imesahihishwa. “C/e”, kwamba lugha imenyooshwa. “Rv”, kwamba ukurasa umerudishwa ulivyokuwa. Na “rvv”, kwamba umerudishwa kwa sababu aliyetangulia ameuharibu kwa makusudi. Ugeni wake si kosa. Kiswahili kimepokea maneno ya mataifa mengi na hakikupungukiwa. Kosa ni kwamba kifupisho kimoja hufunika matendo yasiyofanana, na msomaji asiyejua Kiingereza hawezi kuyapambanua wala kuyajibu.

Tuseme mwandishi wa Unguja ameandika makala juu ya kijiji cha kusini ya kisiwa. Ameandika “skuli”, kama isemwavyo na kuandikwa rasmi Zanzibar. Amelitaja kamusi la Baraza la Kiswahili la Zanzibar, lililotolewa mwaka 2010, akaandika “kamusi la” kama jina la kitabu chenyewe lilivyo, yaani Kamusi la Kiswahili Fasaha. Ameandika kwamba kijiji kina shehia mbili. Ameeleza sherehe ya Mwaka Kogwa ya Makunduchi. Na katika haraka ya kazi amekosea akaandika “Mkunzini” badala ya Mkunazini. Kisha aja mhariri mwingine na kubadili yote kwa mkupuo mmoja: skuli kuwa shule, kamusi la kuwa kamusi ya, shehia kuwa kata, Mwaka Kogwa kuwa Mwaka wa Kuoga, Mkunzini kuwa Mkunazini; na katika muhtasari aandika “sp”.

Katika mabadiliko hayo matano ni moja tu lililo la tahajia, nalo ni Mkunazini. Skuli na shule ni maneno mawili yenye haki sawa, la kwanza la Visiwani na la pili la Bara. Kuliondoa moja na kuliweka jingine ni kuchagua baina ya desturi mbili, wala hapakuwa na kosa la kusahihishwa. Kamusi la na kamusi ya ni tofauti ya ngeli, jambo la sarufi ambalo wataalamu wa pande mbili wamelikata kila mmoja kwa njia yake. Shehia kugeuzwa kata ni jambo la ukweli wa habari: shehia husimamiwa na sheha, na kata ya Bara ni kitu kingine; badiliko hilo limetia uwongo katika makala yaliyokuwa sahihi. Na Mwaka Kogwa ni jina, lenye umbo la usemi wa watu wa Makunduchi; kulinyoosha kwa sarufi ya Kiswahili Sanifu ni kulifuta. Muhtasari mmoja wa herufi mbili umeyaita yote hayo makosa ya kuandika. Mlinzi anayepitia orodha ataona “sp” na kupita, kwa kuwa ni nani ashukuye kusahihishwa kwa tahajia?

Hapa pana jambo la kutazamwa kwa makini zaidi na watu wa Unguja. Mkutano wa Mombasa wa mwaka 1928 uliichagua lahaja ya Kiunguja iwe msingi wa Kiswahili Sanifu, na Kamati ya Lugha iliyoanza kazi mwaka 1930 ikasimamia jambo hilo kwa miaka mingi, ikasoma miswada na kuidhinisha vitabu vya skuli. Yaliyosahihishwa na kamati na sababu zake yalikaa katika majalada. Mwandishi alipokea matokeo, na msomaji hakuona cho chote ila kitabu kilichokwisha kupigwa chapa. Kamusi elezo imeondoa pazia hilo. Kila sahihisho laonekana, na toleo la zamani lipo karibu na jipya. Lakini faida hiyo yapotea ikiwa sababu imefichwa katika herufi mbili. Kwa kweli hali yaweza kuwa mbaya zaidi kuliko zamani: kamati ilikuwa na wajumbe waliojulikana na kanuni zilizotangazwa, ilhali hapa usanifishaji hufanywa na ye yote, wakati wo wote, kwa jina la kusahihisha tahajia.

Si kwamba Unguja ni ngeni kwa alama za mkato. Mtoto aliyesoma chuoni hujua kwamba katika Msahafu kuna herufi ndogo zilizowekwa juu ya mstari: mim ya kumlazimisha msomaji asimame, jim ya kumruhusu, lam-alifu ya kumkataza. Herufi moja yatosha, kwa sababu mwalimu ameifundisha na kwa sababu misahafu mingi ina maelezo ya alama hizo katika kurasa zake za mwisho. Hapana anayeachwa akisie.

Wanakili wa vitabu nao walikuwa na taratibu zao. Mji Mkongwe ulikuwa mji wa wanachuoni na wa vitabu. Katika enzi ya Sayyid Barghash (1870–1888) mtambo wa chapa wa Sultani ulianza kutoa Qamus al-Sharia ya Jumayyil bin Khamis al-Saadi, kazi kubwa ya elimu ya Kiibadhi yenye juzuu zipatazo 90, ambazo ni baadhi tu zilizowahi kuchapwa humo. Katika desturi ya maandishi ya Kiarabu ambayo wanachuoni hao waliirithi, neno lililosahauliwa liliandikwa pambizoni na mwisho wake likatiwa neno “sahha”, yaani limesihi, ili mtu asidhani ni maelezo ya msomaji fulani. Na mnakili alipokuta neno analolitilia shaka, hakulibadili. Aliliacha mahali pake na kulitia juu alama ya dhabba, iliyo kama kichwa cha herufi sad, kuonyesha kwamba ndivyo alivyolikuta, nalo lahitaji kuangaliwa. Alama mbili hizo zapambanua mambo mawili ambayo “sp” huyachanganya: lililo kosa kwa hakika, na lililo geni tu kwa macho ya anayenakili. Mhariri aliyelikuta neno shehia na hakulijua angalifuata adabu ya mnakili, angaliuliza katika ukurasa wa majadiliano, na makala yasingalitiwa kosa.

Wengine watasema dawa ni kutafsiri vifupisho vya Kiingereza. Shauri hilo lina shida yake, nayo hutokana na umbo la lugha. Neno la Kiingereza kwa kawaida huanza na shina lake, hata likikatwa herufi za mwanzo zabeba maana. Neno la Kiswahili mara nyingi huanza na kiambishi. Ukichukua herufi za mwanzo za masahihisho, marekebisho, mabadiliko na marejesho, wapata “ma” mara nne, wala hujapata habari yo yote isipokuwa ngeli. Watunga kamusi waliliona hilo. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya mwaka 1981 huandika kt kwa kitenzi na kv kwa kivumishi, yaani huruka kutoka konsonanti ya kiambishi hadi ya shina. Kadhalika uk. na kur. za ukurasa na kurasa hazikukataa kiambishi, bali zimekitumia kutofautisha umoja na wingi. Lakini vifupisho vilivyokaa vizuri zaidi katika lugha ni vile vya maneno yasiyo na kiambishi mwanzoni, kama taz. ya tazama.

Kwa kanuni hiyo njia ya sawa ni kukata kutoka katika shina: sah. kwa sahihisha, rej. kwa rejesha, ong. kwa ongeza, ond. kwa ondoa. Kiambishi cha mtenda hakihitajiwi, maana jina la mhariri limekwisha kuandikwa katika mstari ule ule. Majina mengi yaliyotoka Kiarabu hukatika kwa urahisi, nayo yafaa kutaja aina ya jambo: tahajia, sarufi, tafsiri. Basi “sah. tahajia” ni habari kamili, na “sah. sarufi” ni habari nyingine. Mwenye kugeuza skuli kuwa shule hatakuwa na mahali pa kujificha. Itampasa aandike kwamba amebadili msamiati, na aseme kwa nini. Aidha tafsiri isisahauliwe. Makala mengi ya Kiswahili yametolewa katika lugha nyingine, na leseni ya Wikipedia yataka waandishi wa asili watambuliwe, “taf.” ikifuatwa na jina la makala na lugha yake ni deni lililolipwa.

Ama “rvv”, hiyo ingefaa iachwe kabisa. Ni shutuma ya uharibifu iliyosemwa kwa herufi tatu kwa lugha ambayo mshutumiwa pengine haisomi. Mwanafunzi wa Unguja aliyerudisha neno lake “skuli” akakuta “rvv” ameitwa mharibifu, wala hajui kwamba ameitwa hivyo, na akijua hataambiwa kosa lake. Wageni wengi wa kazi hii huondoka kimya kimya, na makala juu ya vijiji vyao hubaki mbegu.

Yapo ya kuwatetea wanaotumia vifupisho vya Kiingereza. Walinzi wengine hupitia Wikipedia za lugha nyingi kwa siku moja, na “rv” huwafahamisha upesi palipotokea jambo. Tena mwenye kusahihisha kurasa mia kwa jioni moja hawezi kutunga sentensi mia. Hoja hizo ni za kweli. Lakini mlinzi asiyejua Kiswahili hawezi kuamua juu ya shehia na kata hata akiandikiwa kwa Kiingereza, na mwenye kurasa mia aweza kunakili muhtasari mmoja uliotungwa vema. Nafasi ya herufi 500 imeondoa udhuru wa ufinyu.

Linalohitajiwa si jambo kubwa. Ni ukurasa mmoja wa msaada wenye vifupisho vichache vya Kiswahili na maana zake, mfano wa maelezo yaliyo mwishoni mwa Msahafu; na kanuni moja, kwamba neno la Visiwani lisiondolewe kwa jina la tahajia. Yafaa kazi hiyo ishikwe na wahariri wenyewe pamoja na wanafunzi wa Kiswahili wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, wawezao kusema kwa hakika lipi ni kosa na lipi ni Kiunguja. Wasipofanya hivyo wao, historia za kurasa zitaendelea kujaa masahihisho ya watu wasiojua kwamba hapakuwa na kosa.