Amri ya Hakimu na Mahakama Inayochelewa

Mara nyingi husemwa kwamba madaraka makubwa ya kuzuia mikutano si hatari kwa umma, mradi ipo mahakama ya kuyapitia. Hoja hii tunaitilia shaka. Tuipime kwa mfano wa India.

Kifungu cha 144 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya India kilirithiwa kutoka sheria ya wakoloni wa Kiingereza ya mwaka 1898. Kilihifadhiwa katika sheria ya mwaka 1973, na tangu Julai 1, 2024 kinaendelea kama kifungu cha 163 cha sheria mpya. Hakimu akiona pana dharura, aweza kukataza watu kukusanyika bila kuwasikiliza kwanza. Amri yaweza kudumu hadi miezi miwili, na serikali ya jimbo yaweza kuiongeza hadi miezi sita. Tusisahau kwamba hakimu huyu ni ofisa wa utawala, si jaji.

Mwaka 1956, wakati wa mgogoro wa wafanyakazi wa viwanda vya nguo mjini Nagpur, amri ya namna hiyo ilitolewa. Kesi ya Babulal Parate iliamuliwa na Mahakama ya Juu mwaka 1961. Majaji walisema kifungu ni halali, kwa kuwa anayeguswa aweza kumwomba hakimu aifute amri, na Mahakama Kuu yaweza kuipitia. Je, mfanyakazi aliyezuiwa kukutana na wenzake alifaidi nini kwa jibu la miaka mitano baadaye?

Ni kweli kwamba majaji wameweka masharti mazuri. Januari 10, 2020, katika kesi ya Anuradha Bhasin kuhusu Kashmir, walisema amri lazima itangazwe, ieleze sababu, ilingane na hatari iliyopo, wala isitumike kunyamazisha maoni halali. Lakini vizuizi vilikuwa vimeanza Agosti 2019, na mahakama haikuvifuta; iliwaagiza watawala wavipitie wenyewe. Huko Bengaluru, amri ya siku tatu ya Desemba 2019 ilitamkwa kuwa batili Februari 2020. Wananchi walishinda kesi, lakini siku ya mkutano ilikuwa imepita. Maji yakimwagika hayazoleki.

Hatusemi kwamba mapitio hayana maana. Tunasema kwamba mapitio yanayosubiri mnyonge atafute wakili na nauli, huku amri inafanya kazi yake, ni mapitio ya karatasi tu. Dawa iko wazi: kila amri ipelekwe mbele ya jaji ndani ya siku chache, na hakimu ndiye athibitishe dharura yake. Kama dharura inamruhusu hakimu kuharakisha kukataza, kwa nini isiilazimishe mahakama kuharakisha kuuliza?