Kidaka na Jina

Mji ukifa huacha nini? Kanisa Katoliki lina jibu lake. Askofu asiyekabidhiwa jimbo kamili hupewa jina la jimbo la kale lililotoweka. Laurean Rugambwa alipoteuliwa mwaka 1951 kuongoza Kagera ya Chini, alipewa jina la Febiana, mji wa kale katika nchi tuiitayo leo Tunisia. Waumini wa Febiana hawapo tena, lakini jina lao lilivuka jangwa likamfikia mwana wa Buhaya. Ni amana njema. Hata hivyo, jina tupu halituambii watu wale walilala wapi, wala sahani zao waliziweka wapi.

Jibu la pili ni Al-Inkishafi, utungo wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir wa mwanzoni mwa karne ya 19, juu ya kuporomoka kwa Pate. Wengi huusoma kama mawaidha: mshairi anausuta moyo wake uiache dunia. Ni kweli, lakini si hayo tu. Ili autoe moyo duniani, ilimbidi kwanza aipambe dunia hiyo: taa zinazong'ara, kumbi zilizojaa watu, vidaka vya ukutani vyenye sahani za thamani. Kisha, ndani ya vidaka vile vile, akalaza makinda ya ndege. Aliyetuhimiza tusiuegemee mji ndiye aliyetuhifadhia mji. Sanaa yake imeikaidi nia yake, na hapo ndipo ulipo ukubwa wake.

Tungo nyingi za sasa zinazolilia Kilwa na Mikindani zimefuata, bila kujua, jibu la kwanza. Hutaja jina, hulia, huondoka. Humo huoni mlango wala kizingiti, wala huisikii sauti ya barazani.

Kutoka kwetu Likombe hadi Mikindani si mbali. Kuta za matumbawe na milango ya nakshi ingaliko, na wenyeji wangalipo. Linalokufa upesi kuliko ukuta ni neno. Mtoto asiyejua kidaka ni nini, ubeti ule wa makinda kwake ni kitendawili kisicho na mteguzi. Basi mshairi asilie akiwa nje. Na aingie, awaulize wazee kila pembe ya nyumba iliitwaje, ndipo atunge.