Nafsi Inayochelewa: Mnenaji na Mtunzi katika "When a Man Loves a Woman"

Wimbo "When a Man Loves a Woman", uliorekodiwa na Percy Sledge mwanzoni mwa mwaka 1966, husifiwa kama kilele cha ungamo la mapenzi katika muziki wa soul. Sifa hiyo si ya uongo, ila inapita juu ya jambo la msingi: katika sehemu kubwa ya wimbo huo hakuna mtu anayekiri kwamba anapenda. Mwimbaji anatoa kauli kuhusu mwanamume yeyote, kwa nafsi ya tatu, kwa namna ileile ambayo watu hutoa methali. Beti mbili nzima hupita kabla ya nafsi ya kwanza kujitokeza, na nguvu ya wimbo imo katika kuchelewa huko.

Mpangilio wenyewe unastahili kufuatwa hatua kwa hatua. Mwanzoni yanatajwa mambo yanayoweza kumkuta mpendaji yeyote: hawezi kuwaza jingine, haoni kasoro za mpenzi wake, humgeuzia kisogo hata rafiki anayemsema vibaya. Kisha, katika sehemu ya kati, kinaingia kiashiria. Si mwanamume yeyote tena, bali ni mwanamume huyu, naye anamwelekea mwanamke na kumwita. Mara "mimi" anafichuka na kusihi asitendewe vibaya. Lakini hakai hapo. Anarejea kwenye nafsi ya tatu, kana kwamba ameona haya, na kuzungumzia tena masaibu ya mpendaji asiyejua kuwa anachezewa. Ni pale tu sauti zinapoanza kufifia ndipo anapokubali kuwa mtu huyo aliyekuwa akimzungumzia anamjua vyema.

Ukijaribiwa kutafsiriwa kwa Kiswahili, mpangilio huu unaonekana waziwazi zaidi kuliko katika lugha yake ya asili. Kiingereza kinabadili kiwakilishi tu, na kitenzi kinabaki karibu vilevile. Mfasiri wa Kiswahili ana chaguo tatu za kufungulia wimbo. Umbo "akimpenda" linaelemea kwenye sharti, na hivyo linaacha mlango wazi kwamba huenda asimpende. "Anapompenda" linabeba wakati na linafaa kwa jina la wimbo. Lakini kwa kauli zinazofuata, kiambishi kinachofaa zaidi ni "hu-" cha mazoea, nacho kina sifa moja muhimu hapa: hakiandamani na kiambishi cha nafsi. "Husahau", "hutoa" na "husamehe" vinaweza kuwa vya mtu yeyote. Sehemu ya kati inapofika, kitenzi hakina budi kurudishiwa nafsi zake: "anakupenda", ambapo "-ku-" inamleta mnenewa mbele ya mnenaji, na kisha "nilikupa", ambapo mnenaji mwenyewe amesimama. Safari nzima ya wimbo, kutoka "hu-" hadi "ni-…-ku-", imeandikwa ndani ya kitenzi.

Mahali pengine Kiswahili kingepoteza. Kiingereza hutenganisha mwanamume na mwanamke katika viwakilishi vyake, na beti hizo zinategemea uhasama huo mdogo wa jinsia. Viambishi "a-" na "-m-" havibagui. Sentensi kama "anapomwumiza haoni" haisemi nani anaumiza wala nani haoni. Mfasiri atalazimika kurudia nomino, au kutumia "huyu" na "yule", na hapo kiashiria kitakuwa kimetumika kabla ya wakati wake.

Muziki nao unachelewesha. Rekodi ilifanyiwa Sheffield, Alabama, katika studio ya Norala ya mtangazaji wa redio Quin Ivy. Spooner Oldham alipiga kinanda cha Farfisa, Junior Lowe besi, Marlin Greene gitaa na Roger Hawkins ngoma. Besi hushuka ngazi kwa ngazi na kurudia. Tarumbeta hazisikiki hadi mwishoni, na zinaposikika hazikulingana sawasawa. Kasoro hiyo haina madhara. Studio yenye fedha zaidi ingeisafisha, na kwa kufanya hivyo ingeiondolea rekodi hiyo ushahidi kwamba ni watu waliokuwa chumbani.

Swali la mtunzi linaingia hapa. Sledge alikuwa mhudumu wa hospitali aliyekuwa akiimba na bendi mwishoni mwa wiki. Kwa kauli yake, sauti ya wimbo aliighuni tangu ujana akifanya kazi katika mashamba ya pamba, na maneno yalimjia jukwaani. Kisha akawaachia haki ya utunzi wenzake wawili wa bendi, Calvin Lewis na Andrew Wright, uamuzi ambao baadaye aliujutia. Majina yaliyosajiliwa ni hayo mawili. Haifai kuwapuuza: mmoja alikuwa mpiga besi na mwingine mpiga kinanda, na wimbo umejengwa juu ya ala hizo hizo. Hata hivyo, mtaalamu wa fasihi simulizi atatambua tatizo. Sheria inamtafuta aliyeandika, ilhali hapa utunzi na utendaji vilikuwa tendo moja. Waswahili wanaoukumbuka mgogoro kuhusu "Malaika" hawahitaji maelezo zaidi.

Linganisha na desturi ya utendi. Katika mwaka 1858 Mwana Kupona alijitaja karibu na mwisho wa utendi wake, kwa nafsi ya tatu, akitoa jina lake na kusema kuwa alizaliwa Pate. Naye pia alijificha nyuma ya "yeye", lakini "yeye" huyo ana jina, na kila anayenakili anabeba jina hilo pamoja na beti. Mwanamume wa Sledge hana jina. Ndiyo maana aliweza kuhama kirahisi.

Na alihama. Mwezi Mei 1966 rekodi ilishika nafasi ya kwanza Marekani. Mwaka 1987 ilirudi katika chati za Uingereza baada ya kutumiwa kwenye tangazo la suruali za Levi's. Mwaka 1991 Michael Bolton aliuimba upya, akafika tena nafasi ya kwanza na kupata tuzo ya Grammy. Sauti ya Bolton ni kubwa na haina dosari, na hilo ndilo linalomponza: anaanza akiwa tayari "mimi", hivyo kiashiria kinapofika hakina cha kufichua. Sledge alifariki mwaka 2015. Nchini Marekani, redio hulipa mrabaha kwa watunzi na wachapishaji, si kwa mwimbaji. Kwa hiyo kila rekodi yake ya 1966 ilipopigwa hewani huko, malipo yalikwenda kwa waliotajwa kwenye lebo, chini ya jina la wimbo, katika mabano.